Je, Ni Dhambi Kumcheka Aangukaye?

Baada ya Sikukuu ya Mavuno iliyopita yalizuka maneno kati ya vijana na wazee wa mtaa wetu, na baadhi yenu mkaniomba, kwa kuwa nilikuwa mwalimu, niseme maoni yangu. Siku ile sikusema kitu, maana jambo lenyewe lilinigusa mahali ambapo wengi hawapajui. Leo nimeona yafaa niandike.

Mambo yalikuwa hivi. Mvua ilikuwa imenyesha tangu alfajiri, kama inavyojua kunyesha huku kwetu, na ngazi za kanisa zilikuwa zimelowa. Mzee mmoja wa kanisa, mtu wa heshima zake, alikuwa akipanda kuleta sadaka ya mavuno, mkungu wa ndizi begani, mkubwa kweli kweli. Alipofika ngazi ya mwisho mguu ukateleza. Mzee akaenda upande wake, kofia upande wake, na mkungu upande wake. Mkungu ule ukabiringika ngazi kwa ngazi mpaka ukasimama mbele ya kwaya iliyokuwa imejipanga tayari kuingia. Kwaya nzima ikacheka. Wala hawakutabasamu tu. Walicheka mpaka mpiga ngoma akaweka ngoma yake chini.

Vijana wawili wa kwaya wakapanda mbio, wakamwinua mzee, wakamfuta matope. Mmoja wao alikuwa bado anacheka wakati anamfuta.

Ibada ilipokwisha, mama mmoja akawakemea wanakwaya mbele ya watu. "Mnamchekaje mtu mzima aliyeanguka mlangoni pa nyumba ya Mungu? Hiyo ni dhambi." Kijana mmoja akajibu kwa adabu, "Shikamoo mama. Hatukumcheka yeye. Tulicheka kule kuanguka." Wazee wakasema huo ni ujanja wa maneno. Vijana wakasema wazee hawataki watu wafurahi. Basi swali likabaki hapo: je, mtu aweza kucheka kuanguka asimcheke aliyeanguka?

Ili nilijibu swali hili naomba mnivumilie nianzie mbali kidogo, kwenye sinema, kwa sababu ndiko nilikojifunza kwanza kumcheka mtu anayeanguka.

Nilikuwa darasa la tano, na mkoa wetu wa Kagera ulikuwa bado unaitwa Ziwa Magharibi, gari la sinema lilipofika shuleni kwetu. Walisimamisha nguzo mbili uwanjani, wakatandaza kitambaa cheupe katikati, jenereta ikaanza kunguruma. Watu walikuja kutoka vilima vya mbali wakiwa na mikeka na watoto migongoni. Kwanza tulionyeshwa picha ya kufundisha kilimo, tukaitazama kwa utulivu kama watu walio darasani. Kisha kwenye kitambaa akatokea mtu mdogo mwenye kofia ya mviringo, masharubu mafupi, suruali pana, viatu vikubwa kuliko miguu yake, na kifimbo mkononi. Wakubwa wakapiga kelele kwa furaha: "Chale! Chale!"

Chale hakusema neno hata moja, maana picha zake zile za zamani hazikuwa na sauti. Alitembea, akateleza, akaanguka, akainuka, akaipungia kofia iliyokuwa imemwangusha, akaanguka tena. Bibi yangu, ambaye Kiswahili chenyewe kilimpa taabu, sembuse Kiingereza, alicheka mpaka akajifunika uso kwa kanga. Karibu naye alikuwa ameketi mwalimu mkuu wetu, mtu ambaye hatukuwahi kuyaona meno yake, naye alicheka vile vile. Usiku ule niliona kwamba kicheko hakihitaji mkalimani.

Magari ya namna ile yalikuwa na historia ndefu. Tangu mwaka 1935 hadi 1937, huko Vugiri katika milima ya Usambara, palikuwa na kazi ya kutengeneza filamu kwa ajili ya Waafrika, iliyosimamiwa na Baraza la Kimataifa la Misheni kwa msaada wa fedha za Carnegie kutoka Marekani. Filamu zile zilifundisha habari za safura, kodi, kilimo na kuweka akiba posta. Baadaye, tangu mwaka 1939, serikali ya Uingereza ikawa na kitengo chake cha filamu kwa ajili ya makoloni. Nia ilikuwa kufundisha. Lakini wazee wetu walituambia kwamba masomo yalipokwisha, kilichowafanya watu wabaki katika baridi ya usiku ni kumngoja Chale. Jina lake likageuka kuwa neno la Kiswahili: hata leo mtu mwenye vituko na mzaha huitwa chale, na wengi wanaolitumia neno hilo hawajui kwamba palikuwa na mtu mwenye jina hilo.

Mtu huyo ni Charlie Chaplin. Alizaliwa London mwaka 1889, akafariki siku ya Krismasi mwaka 1977. Baba yake alikuwa mlevi, mama yake alishikwa na ugonjwa wa akili, na yeye mwenyewe alipokuwa na umri wa miaka saba alipelekwa katika nyumba ya kutunzia maskini. Kwa hiyo suruali ile pana na viatu vile vya kuazima hakuvitoa hewani. Alijua njaa, na alijua kutazamwa na watu wenye viatu vinavyowatosha.

Wakati wa filamu zisizo na sauti haukudumu. Mwezi Oktoba mwaka 1927 ilionyeshwa New York filamu iliyowafanya watu wapende kusikia maneno na nyimbo kutoka kwenye picha, na kwa miaka michache tu filamu za kimya zikatoweka Marekani. Lakini katika miaka ile ya mwisho vichekesho vifupi, vya dakika ishirini hivi, vilifikia kilele cha ustadi. Mjukuu wangu amenionyesha kadhaa katika simu yake, na viwili nataka niwasimulie, kwa kuwa vimenisaidia kufikiri. Vyote ni vya watu wawili walioitwa Stan Laurel na Oliver Hardy, mwembamba na mnene.

Cha kwanza kinaitwa The Battle of the Century, cha mwaka 1927. Mwembamba ni mpiga ngumi asiyejua kupiga ngumi, na mnene ndiye msimamizi wake. Mnene anamkatia mwenziwe bima ya ajali, kisha anatafuta namna ya kumfanya aumie ili fedha zipatikane. Nanyi mwafikiri alitumia nini? Ganda la ndizi! Sisi tuliozaliwa ndani ya migomba tutashangaa, maana kwetu maganda ni chakula cha mbuzi na mbolea ya kibanja. Mnene analiweka ganda njiani, mwenziwe apite ateleze. Lakini anayeteleza ni mtu mwingine kabisa, mchukuzi wa pai, ambazo ni kama keki laini zilizojaa krimu. Mchukuzi anagundua aliyeweka ganda, anampaka mnene pai usoni. Mnene anarusha yake, inampata mpita njia. Mpita njia naye anarusha. Mwishowe mtaa mzima unapigana kwa pai, mabwana kwa mabibi, wala hakuna anayekumbuka ugomvi ulianzia wapi.

Cha pili kinaitwa Big Business, cha mwaka 1929. Hawa wawili wanauza miti ya Krismasi nyumba kwa nyumba. Mwenye nyumba mmoja hataki mti, anafunga mlango, na tawi la mti linanaswa mlangoni. Wanabisha ili alifungue. Anafungua, anafunga, tawi linanaswa tena. Hasira zinapanda. Mwenye nyumba anaukata mti wao kwa mkasi. Wao wanaharibu kitu cha mlangoni pake. Yeye anavunja kitu cha gari lao. Tena, hapa ndipo penye kichekesho, kila mmoja anamngoja mwenzake amalize kuharibu, anatazama kwa utulivu, kisha anakwenda kulipa kisasi kwa zamu yake. Mwisho gari limebaki chuma chakavu, na nyumba haina mlango wala dirisha. Wakati wote huo majirani wamesimama wakitazama, na askari polisi yuko pembeni anaandika katika kitabu chake.

Nilipoitazama nilicheka mpaka machozi yakanitoka, kisha nikanyamaza. Nilikumbuka kesi za vibanja nilizozijua katika vijiji vyetu. Jirani anasogeza alama ya mpaka kwa hatua mbili. Mwenziwe anakata mgomba mmoja usiku. Wiki ijayo migomba mitano. Mwisho watu waliobatizwa siku moja hawasalimiani, watoto wao hawachoti maji pamoja, na sisi majirani tumesimama kando ya njia, tunatazama, tunahesabu zamu. Filamu ile haikunifanya nimcheke mzungu mwenye miti ya Krismasi. Ilinifanya nijicheke mwenyewe.

Hapo nikaona jambo la kwanza la kumjibu yule kijana. Katika vichekesho hivi anayeanguka ni mtu aliyejitolea kuanguka. Mchekeshaji amefanya mazoezi siku nyingi ili ateleze vizuri. Anatuambia: "Nitazameni, mimi ni binadamu kama ninyi, ardhi haitujali sisi sote, chekeni." Kicheko ni mali yake, naye ametupa bure. Hapa kwetu Tanzania walikuwapo watu wa namna hiyo pia. Marehemu King Majuto, yaani Amri Athumani wa Tanga, aliyefariki mwaka 2018, alitupa kicheko chake miaka mingi, na alipokufa watu walilia kama wamefiwa na mjomba.

Lakini mtu akianguka njiani kwa bahati mbaya hajatoa kitu. Tukicheka, tumechukua bila kupewa. Na kuchukua bila kupewa, ndugu zangu, tunajua jina lake.

Tuyaangalie Maandiko. Wako wanaodhani kwamba Biblia haina kicheko. Sivyo. Sara alicheka hemani aliposikia kwamba atazaa uzeeni, na mtoto alipozaliwa aliitwa Isaka, jina ambalo maana yake ni kicheko. Mhubiri anatuambia kwamba kucheka kuna wakati wake kama kulia kulivyo na wake. Lakini Biblia inajua na kicheko kingine. Sheria ya Musa, katika Mambo ya Walawi sura ya 19, inakataza kumtukana kiziwi na kumwekea kipofu kikwazo njiani. Nadhani sheria ile iliwekwa kwa sababu walikuwapo watu walioona jambo hilo kuwa ni mchezo wa kuchekesha. Ganda la ndizi halikuanza kuwekwa njiani mwaka 1927. Mithali, sura ya 24, inatuonya tusifurahi adui yetu aangukapo. Kama hata adui hatuna ruhusa, je, jirani?

Tena iko habari ya Samsoni katika Waamuzi sura ya 16. Wafilisti walikuwa wamekwisha kumtoboa macho na kumfunga. Siku ya sikukuu yao, mioyo yao ilipochangamka, wakaagiza aletwe awachezee, wapate kucheka. Akaletwa, kipofu, ameshikwa mkono na mtoto. Watu maelfu walimtazama kutoka juu ya dari. Mnajua mwisho wake: nyumba iliwaangukia wote. Nimewafundisha watoto habari hiyo mara nyingi kama habari ya nguvu za Samsoni. Sasa nikiisoma naiona kama habari ya kicheko. Mtu mmoja tu katika nyumba ile alikuwa na kazi nyingine zaidi ya kutazama na kucheka, naye ni yule mtoto aliyemshika mkono.

Sasa imenipasa kusema lile nililokuwa nikilikwepa.

Mwaka 1984 nilikuwa mwalimu kijana, sijapita miaka mitatu tangu nitoke chuo cha ualimu, nikifundisha shule ya msingi katika Wilaya ya Muleba. Shule siitaji, na mtoto simtaji. Chuoni tulikuwa tumefundishwa kuandaa somo, kutumia ubao, na kulinyamazisha darasa bila kupiga kelele. Niliyashika yote vizuri. Katika darasa langu alikuwamo mvulana ambaye mguu wake mmoja ulikuwa umedhoofishwa na polio. Alitembea akiuzungusha mguu ule nje kidogo, naye hakutaka kuachwa nyuma katika kazi yoyote. Asubuhi moja wanafunzi wamekwisha kujipanga mstarini, yeye akaja mbio na ndoo ya maji ya kumwagilia maua. Akateleza. Ndoo ikapaa, maji yakamrudia yote kichwani, akaketi chini matopeni na ndoo mapajani.

Shule nzima ikacheka. Nami, mwalimu wa zamu, nilikuwa nimesimama mbele ya mstari. Nilicheka kuliko wote, kisha nikapaza sauti: "Tazameni Chale wetu!"

Ni hilo tu. Sikumpiga, sikumtukana. Nilikuwa nakumbuka usiku ule wa gari la sinema, na kwangu neno lile lilikuwa neno la furaha. Lakini tangu siku ile watoto hawakumwita tena kwa jina alilobatizwa. Aliitwa Chale kisimani, uwanjani, njiani. Alipofika darasa la sita akaacha shule. Sisemi kwamba aliacha kwa sababu ya neno langu peke yake. Njia ilikuwa ndefu na mguu ulikuwa ule ule. Lakini neno langu lilikuwamo.

Miaka mingi ikapita. Siku moja nilipeleka redio yangu kwa fundi mjini Bukoba. Fundi aliinua uso, akasema, "Shikamoo, mwalimu." Nikaitika marahaba, lakini sikumtambua. Akasema, "Umenisahau. Mimi ndiye yule Chale wako." Kisha akatoka nyuma ya meza kuja kunipa kiti, nikauona mguu.

Nilimwomba msamaha, nikasema kwamba nilicheka kwa ujinga wa ujana. Alinyamaza kidogo huku akifungua skrubu za redio. Kisha akasema maneno ambayo nimeyabeba mpaka leo: "Mwalimu, kuanguka nilikuwa nimezoea. Mguu huu uliniangusha kila siku. Siku ile nilipoanguka nilikutazama nione kama unakuja. Uliposema neno lile nikajua huji." Hakuongeza kitu. Nilipotaka kulipa alichukua nusu, akasema nusu nyingine ni ya mwalimu wake.

Kwa hiyo, ndugu msomaji, nikimsikia mtu akisema "nilicheka tu", namsikiliza kwa uangalifu. Mtoto yule hakuumizwa na kicheko cha watoto wenzake kama alivyoumizwa na miguu yangu iliyosimama pale pale. Tena aliumizwa na jina. Kuanguka kulichukua dakika moja, bali jina likamfanya awe ameanguka kwa miaka. Methali yetu inasema kuteleza si kuanguka. Lakini tukimpa mtu jina la kuteleza kwake, tunamgeuzia methali hiyo. Tunamwambia kwamba hatainuka.

Linganisheni na habari hii. Mwanzoni mwa miaka ya 1950 ilitengenezwa Tanganyika filamu iitwayo Muhogo Mchungu, habari ya mshamba anayekwenda Dar es Salaam na kulaghaiwa na wajanja wa mjini. Aliyecheza nafasi ya mshamba huyo alikuwa kijana Rashidi Kawawa. Watazamaji walimcheka mshamba yule, filamu ikaisha, taa zikawaka, na kijana akaendelea na safari yake. Mwezi Januari mwaka 1962 alikuwa Waziri Mkuu wa Tanganyika. Ndivyo kicheko chema kinavyokwisha: kinamwachia mtu njia. Yule mvulana wangu hakuwa mwigizaji. Kwake taa hazikuwaka, wala filamu haikuisha.

Je, niseme basi kwamba yafaa tusicheke kabisa? Hapana, na sababu yangu naitoa katika kuanguka kwangu mwenyewe.

Jumamosi tarehe 10 Septemba 2016, alasiri, tetemeko la ardhi lilipoipiga Bukoba na vijiji vyetu, nilikuwa nanyoa ndevu. Upande mmoja wa uso ulikuwa umenyolewa, upande mwingine una povu. Nyumba ikatikisika, nikakimbia nje na wembe mkononi. Mlangoni mke wangu alikuwa akimenya ndizi za jioni, na maganda yalikuwa yametapakaa. Mimi, mwalimu mstaafu mtarajiwa, nikateleza juu ya maganda ya ndizi kama mtu wa sinema, nikaanguka chali. Mama watoto akaja. Kwanza alinishika mkono, akaniinua, akanitazama kama nimejikata. Alipoona sina jeraha, na bado tumesimama tukitetemeka, akautazama uso wangu wenye povu nusu, akaanza kucheka. Nami nikacheka. Kisha tukalia sote wawili, maana tulianza kusikia mayowe ya majirani.

Mnakumbuka usiku ule. Watu walikufa, nyumba nyingi zilianguka, na sisi tuliosalimika tulilala nje tukiogopa ardhi itarudia. Hakuna aliyekuwa na maneno. Ndipo nilipowasimulia majirani jinsi nilivyotoka nyumbani na ndevu nusu na nilivyopigwa na ganda la ndizi. Mama mmoja mzee, ambaye nyumba yake ilikuwa imebomoka, alicheka mpaka akanishika bega. Hakunidharau. Nilikuwa nimempa kitu, usiku ambao sikuwa na kitu kingine cha kumpa.

Sasa naweza kujibu swali. Kucheka si dhambi, wala kutocheka si utakatifu. Mtu aangukapo mbele yetu, tujiulize mambo matatu.

Kwanza, kicheko hiki ni cha nani? Aliyeanguka akikitoa yeye mwenyewe, tukipokee kwa shukrani. Asipokitoa, tumngoje. Kikitutoka kabla hatujajizuia, maana mwili una haraka, tusikiongeze.

Pili, mkono wangu uko wapi? Mkono ukitangulia, kicheko kikifuata hakiumizi. Kicheko kikitangulia na mkono ukafuata upesi, husamehewa. Kicheko kisichofuatwa na mkono ni kicheko cha Wafilisti.

Tatu, kitakwisha lini? Kikiwa cha dakika moja, ni sawa na mvua ya kwetu, inanyesha na kukauka. Kikigeuka jina, au mzaha wa kila mkutano, tumemjengea mwenzetu gereza.

Nirudi kwa mzee wetu wa Sikukuu ya Mavuno. Yule kijana alisema walicheka kuanguka, hawakumcheka mtu. Najibu kwamba aweza kusema hivyo kwa haki, kwa sababu wawili wao walipanda ngazi mbio. Miguu yao ndiyo ushahidi wao. Na yule mama aliyewakemea alikuwa na haki ya kuwaonya, kwa kuwa wangeweza kucheka tu wakabaki pale chini, kama mimi mwaka 1984.

Lakini kuna mtu wa tatu ambaye hakuna aliyemkemea. Alikuwa amesimama barazani, hatua nne tu kutoka kwa mzee, na Kitabu cha Sala mkononi. Hakucheka hata kidogo. Wala hakusogea. Alisimama akijipongeza moyoni kwamba siku hizi hacheki watu waangukao. Mtu huyo ni mimi. Mtoto yule wa mwaka 1984 angenitazama tena kuona kama nakuja, na kwa mara ya pili angejua siji.

Baada ya ibada palikuwa na mnada wa mazao kama ilivyo desturi. Mkungu ule ulipoinuliwa, umechubuka na una matope, watu walisita kutaja bei wakiogopa kumwaibisha mzee. Mzee mwenyewe akasimama. "Huo nauchukua mimi," akasema. "Njia ya kuteremka umekwisha kuijua, sasa nataka niufundishe kupanda." Kanisa zima likacheka, na yeye kwanza. Akataja bei nzuri, akalipa. Safari hii, wakati wa kuubeba, sikungoja vijana. Nilishika upande mmoja wa mkungu, yeye akashika wa pili, tukateremka zile ngazi polepole, maana zilikuwa bado zimelowa.

Bwana atujalie sote macho ya kuwaona waangukao, na miguu myepesi ya kuwaendea. Amina.